Tuli la Jikoni Kwetu

Nyumbani,
tarehe 3, mwezi wa pili

Baba mpendwa,

Shikamoo. Natumaini mgongo umepona, na kwamba asubuhi unavaa soksi zote mbili, si moja kama unavyozoea ukiwa na haraka. Sisi huku ni wazima. Bibi hajambo, anakusalimu, na anasema mama anayeandikiwa mistari miwili kwa mwezi ana haki ya kumsahau mtoto wake jina. Ameniambia niandike hivyo hivyo bila kupunguza.

Shuleni naendelea vizuri katika kila somo isipokuwa lile la kusimama mbele ya watu. Wiki iliyopita mwalimu alinitaka nilieleze darasa maisha ya matuli. Yote nayajua. Najua yalikuwapo kabla yetu, yanakunywa maji ya chokaa na kupumua joto. Najua ya porini yanahama kutoka mlima hadi mlima kwa mwendo wa ukucha mmoja kwa mwaka, na barabara inapokutana nayo ni barabara inayokunjwa. Najua ya nyumbani yalikubali kukaa chini ya meko yetu na kuotesha kuta kwa sababu yanapenda kelele za watu. Nikasimama, nikafungua mdomo, nikasema, "Tuli ni jiwe." Nikakaa. Darasa zima likanipigia makofi, na hayo makofi ndiyo yaliyoniuma.

Sasa habari yenyewe. Tuli letu limesogea.

Juzi nilipokuwa nafagia jikoni niliona mstari wa sakafu mpya, nyeupe, isiyowahi kukanyagwa, kati ya tuli na ukuta. Upana wake ni kidole kimoja. Jiwe hili halijasogea tangu bibi yake Bibi alipolikaribisha. Bibi aliliwekea mkono akasema lina joto kama mtoto mwenye homa. Halafu akaliuliza, "Ni nani aliyekuita tuli na wewe hutulii?"

Jirani yetu mshona viatu alikuja kuazima sindano, akaona ule mstari. Akaanza kusema kwamba tuli huondoka kwenye kiti chake pale msafiri wa nyumba anapokuwa... kisha akamwona Bibi, akaimaliza sentensi kwa kukohoa. Nilielewa alichotaka kusema.

Ndiyo maana nakuuliza, Baba. Ile chembe ambayo tuli lilikudondoshea mkononi siku ya safari, bado iko kifuani mwako, ndani ya kimfuko nilichokushonea? Nijibu upesi.

Mwanao,
Karani


Kambi ya darajani,
tarehe 19, mwezi wa pili

Kwa Karani wangu,

Marahaba. Nimeisoma barua yako nikiwa nimevaa soksi zote mbili. Nilipoimaliza nikavua moja, mazoea yana tabu. Mgongo haujambo. Msalimie Bibi, mwambie jina langu bado ni lile lile.

Huku daraja linatugomea. Mawe ya ng'ambo hii na ya ng'ambo ile ni matuli ya koo mbili, na hayajawahi kujuana. Tunayaweka uso kwa uso katikati ya mto, juu ya kiunzi cha mbao. Tunayanywesha maji ya chokaa asubuhi na jioni. Tunayaimbia, mimi nikiwa mwimbaji mbaya kuliko wote. Tukiamka tunakuta yameachiana nafasi ya unene wa karatasi, yamegeuziana mgongo kama ndugu waliogombea shamba. Msimamizi wetu, ambaye tunamwita Kamba kwa sababu hatembei bila kamba ya kupimia, amesema hakuna wa kwenda nyumbani mpaka yashikane. Huu ni mwezi wetu wa nane hapa.

Mwambie mshona viatu kwamba marehemu hawaandiki barua. Tuli litakuwa limechoka kukaa, nawe lipe majivu ya moto kidogo. Hali ya hewa huku ni nzuri sana, mawingu kidogo asubuhi, kisha jua.

Soma kwa bidii.

Baba yako


Nyumbani,
tarehe 2, mwezi wa tatu

Baba mpendwa,

Shikamoo. Tumefurahi sana kupata barua yako. Bibi ameniomba nimsomee mara mbili. Mara ya pili tulipofika kwenye mawingu akanyanyua mkono nikome. Akasema, "Huyu anaficha kitu. Alipokuwa mdogo, akivunja chungu alikuwa anakuja kunisifia hali ya hewa."

Na ni kweli hukunijibu kuhusu chembe.

Tuli limefika vidole vinne. Kwa kuwa ukuta umeota kutoka kwake, linapokwenda linauvuta, na sasa kuna ufa kutoka mekoni kuelekea dirishani. Jana alikuja mkaguzi wa nyumba, mzee mrefu mwenye mwavuli ambao hakuufungua hata mara moja, alikuwa anagongea nao kuta. Alikuwa mpole, akaliwekea tuli kiganja kabla hajaligonga. Lakini sheria ni sheria. Tuli linaloacha kiti chake lazima lisindikizwe milimani kwa wenzake, kwa mkokoteni uliotandikwa majani, kwa heshima zote, na nyumba ijengewe matofali ya kuchomwa. Ametupa mpaka tarehe 30 ya mwezi huu.

Bibi alimuuliza kama matofali yanapumua joto. Akasema hapana. Bibi akamuuliza yanamjua nani. Mkaguzi akatazama mwavuli wake.

Baba, kwangu mimi matofali si kitu. Nitavaa sweta. Lakini kiganja cha Mama kimo kwenye tuli lile. Najua kila anayeingia kuishi hapa hulibonyeza likiwa limelainika baada ya kunywa, kiganja chako kimo, changu cha utotoni kimo, cha Bibi kimo. Lakini wewe na Bibi mikono yenu ninayo. Mama alifariki nikiwa na miaka miwili, na ule ndio mkono wake pekee ninaoujua. Kila mwaka mpya naweka wangu ndani ya wake nione umebaki kiasi gani. Likipelekwa milimani, nitaupima wapi?

Basi nimefanya ninachoweza, nimepima. Nimepigilia misumari sakafuni, nikafunga uzi, na kila nikitoka shule naandika limesogea kiasi gani na kuelekea wapi. Siku kumi na nane mfululizo halijakosea njia. Linakuja kwenu. Nimeazima ramani kwa mwalimu wa jiografia, nikachora mstari kwa penseli kutoka jikoni kwetu. Ila haupiti kambini. Kambi yenu iko ukingoni, na mstari unapita katikati ya mto.

Baba, chembe yako iko wapi?

Mwanao,
Karani


Nyumbani,
tarehe 14, mwezi wa tatu

Baba,

Shikamoo. Bado sijapata jibu. Sisi ni wazima. Ufa umefika dirishani.

Mshona viatu ameleta mkate bila kuombwa na akaingia amevua kofia. Bibi amemrudishia mkate, akamwambia hapa hakuna msiba, na kama anatafuta pa kuvulia kofia aende kwa kinyozi. Lakini alipotoka, Bibi aliketi karibu na tuli mpaka chai yake ikapoa.

Sijui niulize vipi. Mstari wangu unaishia katikati ya mto. Andika hata neno moja. Andika hata kuhusu mawingu.

Karani


Kambi ya darajani,
tarehe 16, mwezi wa tatu

Karani mwanangu,

Marahaba, na unisamehe. Mimi ni mzima, nianze na hilo. Barua hii nimeianza mara nne. Ya kwanza ilikuwa inasifia hali ya hewa.

Unajua sisi waashi tunabeba kokoto za kujazia ndani ya kofia, ili mikono ibaki huru kupanda. Wiki ya mwisho ya mwezi wa kwanza nilishuka mtoni kuoga. Kimfuko kilikuwa kimelowa jasho, nikakivua kikauke, na chembe nikaiweka ndani ya kofia yangu ili isipotee. Isipotee, Karani. Nikaoga, nikavaa, nikaitwa, nikajaza kofia kokoto kama nifanyavyo kila siku. Nikapanda kiunzi na kuimimina yote kwenye pengo la katikati, pale koo mbili zinapogeuziana mgongo. Nikagongea kwa nyundo ya mbao, nikapaka, nikalainisha. Maisha yangu yote sijajaza pengo kwa ustadi kama ule.

Nilikumbuka wakati wa chakula, kijiko kikiwa mdomoni.

Nilinyamaza kwa aibu. Kumwambia Kamba ningeweza. Kukuambia wewe, uliyenishonea kimfuko kwa sindano ya kuazima, sikuweza. Wewe umeligundua kwa uzi na penseli, ukiwa mbali namna hiyo.

Sasa sikiliza jambo la pili. Wiki iliyopita mawe yalishikana. Yalianzia kwenye pengo lile lile. Mishipa ya buluu, rangi ya tuli la kwetu, imetambaa kwenda ng'ambo hii na ng'ambo ile, na kila inapopita zile koo mbili zinageuka kutazamana. Nadhani zilihitaji mgeni wa kuzitambulisha. Kamba amepima mara kumi na moja, kisha akakaa chini akajifuta macho kwa kamba. Watu wanacheza ngoma juu ya ndoo. Hakuna aliyejua sababu isipokuwa mimi.

Jana nilimweleza Kamba kila kitu, na barua yako nikamsomea. Akakunja kamba yake, akasema, "Fundi, jiwe ni la nyumba yako. Ukisema litoke, narudisha kiunzi, tunalitoa, tunaanza upya."

Tuko arobaini, na kila mmoja ana mtu anayemwandikia. Lakini kiganja cha mama yako nami nakijua. Patasi ninayo mkononi. Kaa na Bibi, mseme. Mkisema nitoe, nitatoa.

Baba yako


Nyumbani,
tarehe 24, mwezi wa tatu

Baba,

Shikamoo, shikamoo, shikamoo. Moja ni yangu, moja ya barua iliyochelewa, moja ya kuwa hai. Bibi alipoisikia habari ya kofia alicheka mpaka akashika ukuta, nikamwomba ashike mwingine. Anasema alijua tangu zamani kwamba kichwa chako kinamwaga vitu.

Weka patasi chini. Bibi na mimi tumesema.

Nilikataa kulia nikaenda kwenye kabati la vitabu la shule, lile linalofunguka kwa kupigwa teke. Kuna kitabu kikuukuu cha watunza matuli, kurasa zake zimeliwa pembeni. Kinasema tuli haliiti chembe yake irudi. Linapoitoa limeshaikubalia kwenda. Linachotaka ni habari zake. Ikiwa kifuani mwa mtu, mapigo ya moyo wa mtu yanalipatia tuli habari kila siku. Ikinyamaza, linatoka kuitafuta.

Kwa hiyo letu halitaki kuvunja daraja lenu, Baba. Halijaandikiwa barua tu. Najua linavyojisikia.

Na kama mishipa imefika ng'ambo zote mbili, basi chembe yetu imekuwa tuli kubwa. Tuli kubwa likiombwa hutoa chembe. Liombe. Weka kiganja na usubiri kama tulivyosubiri siku ya safari yako. Likikupa, tuletee. Iwe barua yake kwa mama yake.

Sijui kama ni kweli. Ukurasa unaofuata umeliwa na mchwa. Siku zilizobaki hazitoshi barua hii ikufikie nawe ufike, kwa hiyo itabidi nimwombe mkaguzi atuongezee muda. Nimeandika maelezo yote kwenye daftari. Nitampa asome, nisiseme kitu.

Mwanao,
Karani


Nyumbani,
tarehe 31, mwezi wa tatu

Baba mpendwa,

Shikamoo. Hatujambo, na mimi nina sauti iliyokauka, utaona kwa nini.

Mkaguzi alikuja jana na mkokoteni. Majani yalikuwa yametandikwa vizuri sana, na hilo lilinifanya nimchukie kidogo. Nikamkabidhi daftari. Akajipapasa mfuko huu na ule, akasema miwani ameisahau ofisini, nimsomee. Walikuwapo mkaguzi, wasukuma mkokoteni wawili, mshona viatu, na majirani hadi nje ya mlango. Nikataka kukaa. Hapakuwa na kiti, Bibi alikuwa amevitoa vyote.

Basi nikaligeukia tuli, nikalisomea lenyewe. Nilisoma vipimo, ramani, kofia, mawe ya koo mbili, kitabu, mchwa. Katikati niligundua nimefunga daftari na bado naongea. Nilipokoma, mkaguzi aliniuliza, "Tangu lini jiwe likataka habari?"

Bibi akasema, "Tangu watu walipoanza kulinyima."

Mkaguzi akafikiri kwa mwavuli wake, akaugonga ufa, akasikiliza. Kisha akatupa mpaka tarehe 20 ya mwezi wa nne na kuagiza tuweke nguzo mbili za mbao. Wale wasukuma mkokoteni wakatusaidia kuziweka, na mshona viatu akala hapa hapa mkate mwingine aliokuja nao. Wakati wa kuondoka mkaguzi aliniomba daftari akalinakili. Alitoa miwani mfukoni ili kuangalia mwandiko wangu, Baba. Ilikuwapo muda wote.

Ombeni sana huko.

Mwanao,
Karani


Darajani,
tarehe 9, mwezi wa nne

Karani wangu,

Marahaba, wewe na sauti yako. Kamba amebandika barua yako kwenye mlango wa jiko la kambi na kila anayepita anasoma habari ya miwani.

Tumeomba. Nililaza kiganja alfajiri, pale katikati. Nikasubiri mpaka mkono ukafa ganzi, hakuna kitu. Akaja mwenzangu akaweka wake kando ya wangu, akaja mwingine. Hadi saa nne tulikuwa arobaini, waliokosa nafasi ya jiwe wameshika bega la aliyeshika. Hakuna aliyeimba, nilikatazwa. Adhuhuri kitu kikaanguka katikati ya vidole vyangu. Ni kikubwa kama punje ya hindi, buluu ya kwetu katikati, na kila upande rangi ya ukoo wake.

Kimo kifuani mwangu, ndani ya kimfuko chako. Sitakivua hata nikienda kuoga, kwa hiyo mwandae Bibi kwa harufu. Kamba ametufungulia njia. Kesho nitakuwa mtu wa kwanza kuvuka daraja hili kwenda nyumbani.

Barua hii na mimi tunaondoka siku moja. Atakayetangulia amsalimie mwenzake.

Baba yako


Jikoni,
tarehe 20, mwezi wa nne

Baba mpendwa,

Shikamoo. Natumaini hujambo huko chumba cha pili, na kwamba mgongo umepumzika. Sisi huku jikoni hatujambo. Bibi yupo uani, anajifanya anaanua nguo.

Leo ni siku ya tatu tangu ufike. Tumekula pamoja mara nane, na nimehesabu, tumeambiana "nipe chumvi" mara sita. Kwa barua tunaongea kama cherehani, ana kwa ana tunatazama sahani. Nimeona nikuandikie, maana huku ndiko tunakojuana.

Nataka nikueleze nilichoona siku ile ulipoweka chembe juu ya tuli, kwa sababu wewe ulikuwa umefumba macho. Iliingia polepole kama tone la asali kwenye chai. Tuli likapumua mara moja kwa nguvu, vifuniko vya sufuria vikatikisika, na maji ya Bibi yakachemka bila kuni. Bibi hakushangaa. Alisema tu, "Haya, limesomewa." Kisha akageuka dirishani kwa muda mrefu.

Tangu hapo limerudi kidole kizima. Mkaguzi alikuja asubuhi ukiwa umelala, akapima kwa uzi wangu, akaandika kwenye fomu neno moja, "Limetulia." Akaniuliza kama nitakubali kwenda kuwasomea wakaguzi wenzake. Nikasema nitafikiri. Sikusema hapana, Baba.

Sasa jambo lililonifanya nichukue karatasi. Baada ya kuondoka kwake niliweka kiganja ndani ya kile cha Mama. Mwaka mpya changu kilikuwa kimebakiza upana wa uzi. Leo kidole cha kati kimegusa mwisho. Kimejaa pande zote, na jiwe lilikuwa na joto.

Nimetaka kukuuliza tangu nikiwa mdogo, ila nikitazamwa maneno yananikimbia. Siku Mama alipoweka kiganja chake hapa, alisema nini? Unaweza kujibu nyuma ya karatasi hii na kuipitisha chini ya mlango. Nitasubiri hapa hapa mekoni.

Mwanao,
Karani


(nyuma ya karatasi hiyo hiyo)

Chumba cha pili,
tarehe ile ile

Karani,

Marahaba. Alisema, "Lina joto, utafikiri lilikuwa linanisubiri." Kisha akanipaka chokaa usoni kwa mkono ule ule, mbele ya wageni wote, akacheka mpaka Bibi akacheka. Mengine ni marefu kuliko karatasi hii, na nimegundua nataka kuyasema kwa mdomo.

Weka maji ya chai. Vikombe viwe vitatu, kwa kuwa Bibi hajaanua nguo yoyote, amesimama nyuma yangu anasoma.

Nakuja.

Baba yako,
mwenye soksi moja